Ile "Ya" Niliyoifuta

Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya, mgeni wetu rasmi; Mheshimiwa Mwenyekiti wa Baraza la Chuo; Profesa Mustafa Kallaghe, Mkuu wa Chuo Kikuu Kishiriki cha Luengera; Wakili Joyceline, uliyekubali kuja licha ya kwamba mara ya mwisho tulipokutana ulikuwa unanihoji; wahadhiri na watumishi wenzangu; wanafunzi mliojazana mpaka madirishani; ndugu zetu mliotoka Sindeni alfajiri mkiwa na ngoma yenu; na wewe bibi yetu uliyekalishwa kiti cha mbele, Bi Mwaija, mama mzazi wa Dokta tunayemuaga leo: shikamoo mama. Wengine wote, kila mtu kwa cheo chake na umri wake, nawasalimu. Assalaam aleikum. Tumsifu Yesu Kristo.

Mshereheshaji ameninong'oneza kwamba itifaki imezingatiwa. Mimi ningeomba iangaliwe tena, kwa sababu kama nimemruka mtu, haitakuwa mara yangu ya kwanza kuruka kitu katika chuo hiki.

Naona wakubwa wanacheka na wadogo wanatazamana. Basi niwaeleze wadogo. Mimi ni Ernesti Shemweta, Afisa Utumishi wenu, mtoto wa Lutindi kule juu, miaka ishirini na mbili nikiwa hapa. Barua zenu za ajira nimeziandika mimi. Barua za likizo, mimi. Barua za kuwanyima mlivyoomba, mimi pia, na hizo ndizo mnazozikumbuka. Nilipoambiwa kwamba Dokta Mwanaisha Hiza, akistaafu, amependekeza mimi niseme kwa niaba ya watumishi, nilidhani ni utani. Kwa nini mimi? Wapo waliofundisha naye miaka yote hiyo. Yupo Mwalimu Deogratius Mhina, ambaye hata ukimwomba aombee chakula anatoa mhadhara. Nikamwendea Dokta ofisini nikamuuliza. Akajibu bila kuinua macho kwenye karatasi alizokuwa anasahihisha: "Wewe una jambo la kusema, Ernesti. Kaseme."

Waheshimiwa, ni kweli ninalo. Lakini mniruhusu nianze mwanzo, maana jambo lenyewe halieleweki bila mwanzo wake.

Mwaka 2014 Baraza la Chuo liliamua kwamba Kanuni za Utumishi ziandikwe kwa Kiswahili, ili mlinzi wa getini na mhadhiri wa darasani wasome kitu kimoja na wote waelewe. Uamuzi mzuri sana. Rasimu ikaandikwa na kamati, ikapelekwa kwa mwalimu wa Kiswahili aisahihishe. Mwalimu huyo alikuwa Mwanaisha Hiza, wakati huo akiwa na shahada ya kwanza na kalamu nyekundu. Ninyi mliopita mikononi mwake mnaijua kalamu ile. Je, yupo humu aliyewahi kurudishiwa kazi yake ikiwa nyeupe? Hayupo! Basi aliipitia rasimu kurasa zote, na alipofika kanuni ya arobaini na moja akakuta pameandikwa hivi: "Mhadhiri atakayepata shahada tatu akiwa mtumishi wa Chuo ataongezewa nyongeza tatu za mshahara." Akasimama hapo. Akachora kijimshale, akaandika juu yake, kwa wino mwekundu, neno moja: "ya". Ikawa shahada ya tatu, yaani uzamivu, udaktari. Baraza likapitisha, na Mwenyekiti wa wakati huo akatia sahihi kila ukurasa.

Kisha rasimu ikaja kwangu niichape iende kwa mpiga chapa mjini.

Sasa wapiga chapa, waheshimiwa, huhesabu kurasa nne nne. Fedha tulizotengewa zilitosha kijitabu cha kurasa thelathini na mbili. Nilipomaliza kuchapa, mstari mmoja, mmoja tu, ukavuka ukaingia ukurasa wa thelathini na tatu. Kwa mstari ule mmoja tungelipia kurasa nne zaidi. Nikaona mimi ni mtu wa akili. Nikarudi nyuma, nikaanza kupunguza vijineno: hapa "kwamba", pale "ndiyo", kule "na". Kama mtu anayepalilia mahindi huku anaongea na jirani, nikang'oa magugu, nikang'oa na mche. Mstari ukarudi ukurasa wa thelathini na mbili. Nikajipongeza, nikaenda kwa Mama Elina kantini nikanywa chai. Kijitabu kikatoka, jalada lake la kijani, kizuri, kila mtu akapewa chake akasaini.

Miaka mitatu ikapita bila mtu kuona kitu.

Wakati huo Mwalimu Mwanaisha alikuwa anasoma. Tunaokaa naye tunajua alivyosoma: anafundisha vipindi kumi na sita kwa wiki, Ijumaa jioni anapanda basi, Jumapili usiku anarudi. Alianza na uzamili. Wasimamizi wake walipoona utafiti wake juu ya majina ya mashamba na mabonde katika Kizigua, wakasema huu si utafiti wa uzamili, huyu apandishwe moja kwa moja kwenye uzamivu. Ni jambo linaloruhusiwa, na wanaolipata ni wachache. Mwaka 2017 akavaa joho jekundu. Kwa hiyo alirudi kwetu na shahada ya kwanza na shahada ya tatu. Ya pili hakuwa nayo, kwa sababu aliruka juu yake kama mtu anavyoruka mfereji.

Akaandika barua kuomba nyongeza zake tatu. Barua ikaletwa mezani kwangu. Nikafungua kijitabu cha kijani, kanuni ya arobaini na moja, nikasoma: "shahada tatu". Nikafungua vyeti vyake, nikahesabu: moja, mbili. Nikahesabu tena. Uongozi wa wakati huo ukaniambia, hesabu ni hesabu, mjibu. Nami nikamjibu. Nikaandika juu kabisa, kwa herufi kubwa na mstari chini yake, YAH: MAOMBI YA NYONGEZA. Tazameni maajabu: mtu aliyefuta "ya" ya mwenzake anaanza barua kwa YAH! Kisha nikaandika sentensi ambayo watumishi wanaijua kwa moyo mpaka leo: "Unaelekezwa kuwasilisha shahada moja iliyopungua."

Chekeni tu. Siku ile haikuchekesha. Kwa kuwa udaktari wake haukutimiza kanuni, ofisi ikaamua pia kwamba mlangoni pake paendelee kuandikwa "Bi. M. Hiza". Watu wakaanza kumwita Dokta Pungufu, wengine mbele yake. Huu, waheshimiwa, haukuwa mzaha mdogo kwa mwanamke aliyebakisha miaka saba astaafu, ambaye mafao yake ya uzeeni yatapimwa kwa mshahara atakaoondoka nao. Na zaidi ya mshahara, lilikuwa ni jina lake. Aliniambia mwenyewe, amesimama mlangoni kwangu ameshika barua ile: "Ernesti, mimi nafundisha watoto tofauti ya nambari inayohesabu na nambari inayopanga. Nikikubali barua hii, kesho nitasimama ubaoni niwaambie nini?"

Na hapo hapo, kwa kijitabu kile kile, akaja Mwalimu Deogratius. Simama Mwalimu wakuone! Huyu alikuwa na shahada ya kwanza ya jiografia, na shahada za uzamili mbili, moja ya elimu, moja ya utawala, hiyo ya mwisho ameipata akiwa hapa hapa. Jumla ngapi? Tatu! Udaktari hana, hata harufu yake hana, lakini kijitabu kinasema shahada tatu. Akaomba nyongeza. Nikahesabu vyeti: moja, mbili, tatu. Akapewa! Mwezi uliofuata nyumba yake ya Magoma ikaezekwa bati jipya. Mwenye udaktari ananyimwa kwa kukosa shahada, asiye na udaktari analipwa kwa kuwa nao. Kantini pakawa hapakaliki. Ukimwambia Mama Elina nipe chapati tatu, anakuuliza, "Tatu au ya tatu? Maana ya tatu nakupa moja."

Dokta hakucheka na hakugomba. Alikwenda kwa chama cha wanataaluma, chama kikamwita Wakili Joyceline, na shauri likapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi kule Tanga. Usuluhishi ulishindikana, kwa sababu upande wetu ulisimama kwenye kijitabu na upande wake ukasimama kwenye lugha. Likapangwa kusikilizwa. Shahidi wa mwajiri, mtunza kanuni na mchapaji wake, akawa mimi. Mwanasheria wetu aliniketisha akanipa maelekezo mafupi: jibu unachoulizwa, usijibu usichoulizwa.

Sasa nawaomba mnisikilize vizuri kidogo, na wenye ngoma muipumzishe.

Siku ya kusikilizwa nilifika mapema. Kwenye benchi la varanda alikuwa amekaa mama mmoja wa makamo ya bibi, amejifunga kanga mbili, na kikapu miguuni. Nikamwamkia kama tulivyofunzwa.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Watoka wapi?"

"Korogwe, mama. Chuoni."

"Haa! Basi ndiye wewe Ernesti. Mwanaisha kanambia yuko kijana wa Kishambaa anatunza makaratasi yote ya kule, mtu mzuri. Kaa hapa. Umekula?"

Nilikuwa sijala. Akatoa kwenye kikapu mhogo wa kuchemsha uliofungwa kitambaani, akaukata, akanipa nusu iliyo kubwa. "Kula. Mambo ya maofisini yana njaa." Mimi, shahidi wa upande wa pili, nikala mhogo wa mama wa mdai. Nilidhani hajui nimekuja kufanya nini. Kwa adabu tu, ili maneno yasikatike, nikamuuliza: "Mama, Dokta ni mtoto wako wa ngapi?"

"Wa tatu."

"Hongera mama. Watoto watatu si mchezo kulea."

"Hapana mwanangu. Ninao wawili. Wa kwanza, Mwinjuma, alikwenda na surua hata mwaka hajamaliza. Tumemzika pale pale Sindeni, nyuma ya nyumba. Akabaki wa pili, kisha Mwanaisha."

Naye akaendelea kunikatia mhogo, akasema kama mtu anayesema jambo la kawaida kabisa: "Wa mbele akikosekana, wa nyuma hapandi nafasi yake. Huyu ni wa tatu. Hata ningebaki naye peke yake, ni wa tatu."

Mama, hukujua siku ile umenifanya nini. Au ulijua. Mpaka leo sijapata ujasiri wa kukuuliza.

Nikaitwa ndani. Wakili Joyceline akasimama na kijitabu cha kijani mkononi. Akaniuliza: "Ndugu Shemweta, kijitabu hiki nani alikichapa?" Nikasema, mimi. "Ulikichapa kama Baraza lilivyokipitisha?" Nikamtazama mwanasheria wetu. Akatikisa kichwa kidogo. Nikatazama nyuma, Bi Mwaija amekaa kiti cha mwisho na kikapu mapajani. Mdomoni bado nina ladha ya mhogo wake. Nikasema, "Hapana."

Mwamuzi akaweka kalamu chini. "Unasema hapana?"

"Hapana, mheshimiwa. Kuna neno niliondoa."

"Neno gani?"

"Ya."

"Ya nini?"

"Ya tu, mheshimiwa."

"Shahidi, nakuuliza ya nini?"

"Ndiyo hiyo, mheshimiwa. Ya. Ya ya shahada ya tatu."

Wakili Joyceline aliinama akajifanya anatafuta karatasi. Nilimwona mabega yanacheka. Mwamuzi akaamuru jalada lote la kanuni liletwe kutoka masijala yetu, nalo likaletwa kikao kilichofuata, na pande zote mbili zikaruhusiwa kulikagua ukurasa kwa ukurasa. Pale kwenye kanuni ya arobaini na moja, kijimshale kilikuwepo, na "ya" nyekundu juu yake, na sahihi ya Mwenyekiti chini. Mwandiko ulikuwa wa mdai mwenyewe, aliouandika akiwa na shahada moja, kabla hajajua kama siku moja atauhitaji. Tume ikaamua kwamba kanuni ni ile iliyopitishwa na Baraza, na si ile iliyopunguzwa na mchapaji ili kuokoa karatasi. Maneno hayo ya mwisho yamo kwenye uamuzi. Jina langu nimeshalisoma katika hukumu, jamani, si wengi humu wanaoweza kusema hivyo.

Uongozi wa wakati huo haukuridhika, ukafungua maombi ya mapitio Mahakama Kuu, na shauri likalala huko mwaka mzima na zaidi. Hapa sina budi kukutaja, Profesa Mustafa. Ulikuja kuwa Mkuu wetu mwaka 2020. Wiki yako ya kwanza uliniita, ukaniambia niletee jalada la yule mwalimu wa Kiswahili. Ukalisoma umesimama. Ukauliza, "Ernesti, hivi chuo kinagombana na kiungo cha sarufi?" Kesho yake ukaagiza shauri liondolewe, Dokta alipwe vyote tangu siku ya kwanza, na wahadhiri wengine watatu waliopandishwa kama yeye walipwe bila kulazimika kwenda Tanga. Na kijitabu kikachapwa upya. Hiki hapa. Kina kurasa thelathini na sita. Mbele kimejaa, na mwishoni kina kurasa tatu tupu, nyeupe. Nilipendekeza tuzijaze kwa picha ya chuo, Profesa akakataa, akasema ziachwe hivyo hivyo ili kila mchapaji ajue karatasi si ghali.

Na Mwalimu Deogratius? Mtauliza kama tulimnyang'anya. Hatukumnyang'anya, mwajiri hawezi kumpa mtu kwa maandishi yake mwenyewe kisha amvizie kuchukua. Ila yeye mwenyewe hakupata usingizi mzuri chini ya bati lile. Akajiandikisha uzamivu, akasema anakwenda kulilipia neno "ya". Novemba ijayo, Mungu akipenda, anavaa joho. Na rasimu ya tasnifu yake amesahihishiwa na nani? Mnaijua kalamu yenyewe.

Mtaona basi kwamba tunamuaga mtu aliyeshinda, na mimi ni shahidi aliyesema kweli, na kila mtu ana furaha yake. Ningeweza kuishia hapo, nikashangiliwa, nikakaa. Ndivyo nilivyokuwa nimeandika kwenye karatasi hii. Lakini Dokta alisema ninalo jambo la kusema, na sijalisema bado.

Waheshimiwa, masijala yetu ina utaratibu wa zamani. Ndani ya kila jalada imebandikwa kadi. Kila anayelifungua anaandika jina lake, tarehe, na sahihi. Karani na Mkuu wa Chuo, wote. Mkono wangu umezoea kusaini kadi ile hata kabla akili haijafika.

Mnadhani nilikumbuka ile "ya" siku ile kwenye kiti cha shahidi. Wakili alidhani hivyo. Mwamuzi aliandika kwamba shahidi "alikumbuka". Si kweli. Wiki ile ile niliyompelekea Dokta barua ya shahada iliyopungua, moyo haukunitulia. Nilishuka masijala peke yangu, nikachukua jalada, nikafungua rasimu. Nikaiona. Nyekundu, imekaa mahali pake, inanitazama. Nikajua nilichofanya, na nikajua kwamba nikisema nitaulizwa na huenda nikafukuzwa, na nina watoto shuleni. Nikafunga jalada nikalirudisha rafuni. Nilikaa na jambo lile miezi minane. Miezi minane Dokta anapita mbele ya ofisi yangu anaitwa Pungufu, ananisalimia "Habari za asubuhi Ernesti", namjibu "Nzuri Dokta" kwa sauti ya chini, kwa sababu nilikuwa mtu pekee chuoni mwenye uhakika kwamba ni Dokta. Anamwambia mama yake kwamba mimi ni mtu mzuri. Na kama si ule mhogo, sijui hata leo ningekuwa nimesema.

Dokta Mwanaisha, kwa Tume niliomba radhi kwa kufuta neno. Kwako wewe sijawahi kuomba radhi kwa kulificha. Nimefanya kazi mlango wa pili kutoka kwako miaka saba tangu hapo, na kila siku nilijiambia kesho. Kesho hutakuwepo. Kwa hiyo naomba radhi leo, mbele ya mama yako, mbele ya wakubwa zangu na wanafunzi wako. Nilijua, nikanyamaza. Nisamehe.

Mnisamehe na ninyi kidogo, maji haya ni ya nani? Asante.

Nilitakiwa nikabidhi zawadi sasa. Watumishi tumechanga, zipo zawadi nyingine kule nje mtaziona, lakini ile ambayo nimeomba niitoe mimi ni hii hapa. Ni kibao cha mlangoni kwake. Nimekifungua skrubu asubuhi hii kwa mkono wangu. Kimeandikwa "Dkt. Mwanaisha Hiza". Ofisi ile itapewa mtu mwingine, lakini kibao hiki hakiwezi kubaki chuoni. Kitakwenda Sindeni, kikapigiliwe kwenye mlango anaoingilia Bi Mwaija, ili kila mgeni ajue hapa ni kwa mama wa nani.

Ngojeni. Wakili ananiletea kikaratasi kutoka meza kuu.

Ni mwandiko wa Dokta. Wino mwekundu. Jamani, hata kwenye sherehe yake kabeba kalamu!

Niwasomee? Anasema nisome. Haya. "Ernesti. Si miezi minane, ni tisa. Kadi niliisoma Tanga siku jalada lilipoletwa, na tarehe yako niliiona. Maliza, mama ana njaa."

Siku jalada lilipoletwa.

Basi miaka yote ile ya "Habari za asubuhi Ernesti" ulikuwa unajua. Na ulipopendekeza mimi nisimame hapa, ulikuwa unajua nitasema nini.

Waheshimiwa, hotuba hii imesahihishwa, naipokea jinsi ilivyosahihishwa. Ni miezi tisa. Iandikwe tisa, na mchapaji asipunguze.

Mheshimiwa mgeni rasmi, Mwenyekiti, Profesa, Wakili, Mwalimu Deogratius, Mama Elina na wote mliopika, ndugu wa Sindeni na Handeni, wanafunzi wetu, nawashukuru kwa kunivumilia kwa neno moja lenye herufi mbili. Bi Mwaija, chakula kiko tayari, na sahani yako naibeba mimi. Dokta, safari njema. Asanteni kwa masikio yenu.